Vitanda Vilivyomngoja Mgeni Rasmi

Nilikuwa na mchi mkononi na wewe mgongoni, mwanangu, siku nilipoligonga kufuli la stoo ya zahanati yetu mpaka kuku wa nesi wakakimbia. Naikumbuka siku hiyo kuliko siku ya harusi yangu.

Wengine husubiri mvi ndipo watoe nasaha. Mimi sina hata unywele mmoja mweupe, na shule yangu iliishia kidato cha nne. Lakini nakuandikia sasa, hasira zikiwa bado za moto, maana nikingoja uzee nitalisimulia jambo hili kwa upole, na halistahili upole.

Kijiji chetu, unajua, ni mwendo wa saa moja kwa miguu kutoka stesheni ya Gulwe. Ilikuwa ile miaka maduka yalipoanza kujaa vitu vya nje, na watu waliosomea ng'ambo wakaanza kubaki huko huko kufanya kazi bila kuitwa wasaliti. Baba yangu mdogo, babu yako Ndahani, ni mmoja wao. Yuko Kanada. Yeye na wenzake wa kutoka huku kwetu waliunda umoja wao, yeye akiwa katibu, wakatuletea vitanda sita vya kujifungulia. Vilikuja kwa treni, vikashushwa Gulwe, vikapandishwa kwenye mikokoteni ya ng'ombe. Wanawake tuliimba njia nzima.

Halafu vikafungiwa stoo, na nailoni zake, miezi tisa.

Usije ukafikiri kuna mwizi. Vilifungiwa kwa heshima. Mzee Chibago, mwenyekiti wa kamati ya zahanati, alisema lazima vizinduliwe na mgeni rasmi, na mgeni rasmi hawezi kuwa mwingine ila Ndahani mwenyewe. Likizo ya Ndahani ikaahirishwa, ikaahirishwa tena. Mbuzi aliyetengwa kwa ajili ya sherehe akashika mimba, akazaa, na alizaa kwenye majani makavu, pazuri kuliko mimi. Wewe ulizaliwa juu ya mkeka, sakafuni, na mlango wa stoo ulikuwa hatua nne kutoka kichwani pangu.

Nikanyamaza. Hilo ndilo kosa langu, na ndilo ninalotaka ulijue. Nilinyamaza kwa sababu Mzee Chibago ni mtu mwema. Ndiye aliyekwenda kumbembeleza baba yangu ili niende sekondari. Unamgombezaje mtu wa namna hiyo?

Kisha akaja mama yako mdogo Neema, miguu imemvimba, amebakiza wiki tatu. Mtoto wake wa kwanza alimpoteza kwenye sakafu ile ile kabla vitanda havijaja, nesi amepiga magoti, haoni vizuri anachokifanya. Neema hakulalamika. Aliniuliza tu, "Dada, nije na mkeka wangu, au ule wako bado upo?"

Nikauacha uwele niliokuwa nikitwanga, nikaondoka na mchi.

Ilikuwa siku ya chanjo, hivyo mashahidi walikuwa wengi. Mzee Chibago alitoka ofisini polepole, mikono nyuma.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, binti. Unatwanga nini hapo?"

"Kufuli."

"Unanitia aibu. Mtu ametuletea vitu kutoka Kanada, tuvilalie kabla hajaviona? Akija akavikuta vimechakaa, atatuonaje?"

"Atatuona tuko hai."

Nyuma yangu mtu akacheka. Alikuwa Madamu Solanj, mkunga aliyezunguka na gari la chanjo kutoka Dodoma. Ukimwona utadhani ni wa hapa hapa, lakini kwao ni Haiti, upande wa Amerika. Baba yake alikuja Zaire kufundisha, akamlelea Bukavu, ndiyo maana Kiswahili alikijua, ila cha kule.

"Mama, weka mchi chini," akaniambia. "Kufuli haina kosa. Nani aliandikiaka ule mutu wa Kanada asante?"

Mzee Chibago akajibu kwa fahari kwamba kamati imeshaandika barua tatu. "Tulimweleza akina mama wanavifurahia vitanda."

"Wanavifurahia wapi?" nikauliza.

"Siku vilipofika. Wewe mwenyewe uliimba."

Hapo alinipata, na wanawake kwenye benchi wakacheka.

Solanj akakaa katikati yao. "Batu betu beko benyi inje," alianza, yaani watu wao wengi wako nje, wakacheka tena kwa lahaja yake, naye akacheka nao. Akatueleza kwamba Haiti ina mikoa tisa, na wale walioko Miami, New York na Montreal hujiita mkoa wa kumi. Hujenga shule kwao, hutuma dawa. Na wakubwa wa nchi nyingine wanapokaa kuizungumza Haiti, watu wa mkoa wa kumi husimama barabarani na mabango, na pengine huitwa ndani waeleze hali ya nyumbani.

Yeye na ndugu zake walipeleka pampu ya maji kwenye mji wa baba yao. Kila Krismasi ilikuja barua ya shukrani, na picha ya pampu imevishwa maua. Miaka sita. Dada yake alipokwenda kumzika shangazi yao alikuta pampu haijawahi kutoa tone. Ilikosa kipuri kimoja, na wenyeji waliona haya kuomba tena. Na dada huyo, anayeishi Montreal, alikuwa ameshasema mbele ya maofisa wa Kanada kwamba mji wao una maji, nao wakaufuta kwenye orodha ya miji ya kusaidiwa.

"Ile barua za asante," alisema Solanj, "njo zilituibia maji."

Mzee Chibago alivua kofia, akaigeuza geuza mikononi. "Basi hata Ndahani atakuwa anasema huko kwamba akina mama wa kwetu wanajifungua vizuri."

"Atakuwa anasema," Solanj akamjibu.

"Kwa barua zangu." Akaniangalia. "Mwandikie barua ya kweli, binti. Ila iwe rasmi, nami nitaipitisha."

Solanj akaahidi kuipeleka Dodoma siku ile ile, itumwe kwa faksi.

Mwanangu, huenda siku moja ukaishi nje, au ukabaki hapa na ndugu yako akaenda. Ukiwa hapa, usimgeuze ndugu yako kuwa mgeni rasmi. Mshukuru, halafu mweleze ni wapi pamekwama, hata kama utaona haya. Ukiwa huko, barua ikija imejaa asante tupu, muulize mwanamke mwenye mtoto mgongoni kabla hujamwamini mwenyekiti. Na popote watakapokusimamisha uisemee nchi yako, sema kilichopo. Mtu mwema pia hukosea, na kumwambia si kumvunjia heshima. Mwambie mapema, kabla hujafika kwenye mchi kama mimi.

Mungu akupe ulimi usioogopa watu unaowapenda, na awape wao masikio. Akulinde uendako, akurudishe salama. Na yule mdogo wako Daudi, mtoto wa Neema, anayekunyang'anya karanga, muulize mama yake alimzaa amelala juu ya nini.

Barua yenyewe nilibaki na nakala. Ni hii.

*Kwa Katibu,*
*Umoja wa Wanakijiji Waishio Nje.*

*Kupitia: Mwenyekiti, Kamati ya Zahanati. (Imepitishwa.)*

*YAH: MALALAMIKO DHIDI YAKO KUHUSU VITANDA SITA*

*Baba mdogo, shikamoo.*

*Tafadhali rejea barua tatu ulizoandikiwa na kamati. Hazikuwa za kweli. Vitanda havijalaliwa na mtu. Vimefungiwa stoo vikikungoja wewe uje uvizindue.*

*Nakulalamikia wewe kwa sababu hapa kijijini ni wewe peke yako unayeheshimiwa kiasi cha wanawake kulazwa chini. Najua hukuomba heshima hiyo. Naomba uikatae kwa maandishi.*

*Pili, kokote ulikosema kwamba tuna vitanda, rudi ukasahihishe.*

*Tunakupenda na tunakukumbuka kila siku. Naomba jibu leo. Neema hawezi kungoja likizo yako.*

*Wako katika ujenzi wa taifa,*
*Mama Tumaini.*