Mtunzi wa Wapenzi Wasiogusana

Gazetini walimwita Mzee Itaendelea, maana hadithi zake za mapenzi zilikuwa hazifiki mwisho upesi. Kijana akimwona binti dirishani wiki hii, salamu ataitoa mwezi ujao. Kushikana mikono kulingoja mpaka mkwe augue, apone. Harusi ilikuwa sentensi ya mwisho. Hapo mzee aliwaacha maharusi mlangoni, akaanza na wengine. Wasomaji walimlaani, na gazeti wakanunua. Zamani tamaa ilikuwa na adabu, ilibisha hodi.

Sasa hadithi zinasomwa kwenye simu, na mhariri ni binti wa rika la mjukuu wake.

"Shikamoo babu. Hawa watu wako wataoana lini?"

"Marahaba. Hata majina bado hawajaambiana."

"Ndiyo maana tunakimbiwa! Siku hizi wanaanza wakiwa nyumba moja. Busu ukurasa wa kwanza, halafu tuone wanavyoishi: nani kanuna, nani kachoka. Niletee sura tatu Ijumaa, babu yangu. La sivyo nafasi nampa mwingine."

Alirudi nyumbani akinung'unika kwamba watu wamekosa hata haya. Lakini nafasi ile ndiyo sababu pekee iliyobaki ya kumwamsha asubuhi, kwa hiyo akaketi. Busu aliliandika huku amekunja uso. Akawaweka mume na mke mezani, chai mbele yao. Kalamu ikagoma. Wanaambiana nini watu wasiongojana tena?

Akaenda jikoni, mkewe anamenya viazi.

"Mama watoto, hebu nikumbushe. Tulipokwisha kuoana, tulikuwa tunaongea nini?"

"Makubwa! Leo umeamkaje, baba?"

"Nauliza kweli."

Mkewe akaweka kisu chini, akafikiri. "Wewe ulikuwa unaandika. Mimi nakuletea chai."

"Na jioni?"

"Jioni ulikuwa unasahihisha." Hakusema kwa hasira, hasira aliimaliza zamani, peke yake. "Nilikuwa nakusoma gazetini, kama watu wengine."

Ijumaa mhariri alipopiga simu, mzee alimwambia nafasi ampe mwingine. Kisha akavuta kiti, akakaa karibu na mkewe, akafungua mdomo. Mkewe akamgeukia, akangoja. Akangoja tena kidogo. Alipoona hakuna linalokuja, akainuka kwenda kuanua nguo.