Miguu ya Kuvaa Harusini

Mdogo wangu wa kiume alinipigia simu kutoka Houston siku chache kabla ya nikahi ya binti wa kaka yetu, na hakunijulia hali.

"Kaka, utakuja na miguu?"

"Nitakuja na kiti changu."

"Kiti hapana. Watu wa bwana harusi hawatujui. Mimi nimewaambia unaumwa mgongo, basi. Vaa miguu, vaa kanzu ndefu, simama mlangoni upokee wageni kama watu."

Nilimuuliza kama mimi si watu. Akaniambia nisimletee maneno ya vitabuni.

Nina vigutu viwili, vyote vimeishia juu ya goti. Nilikuwa dereva wa gari la mizigo Grand Prairie, karibu na Dallas. Nilisimama kando ya barabara kuu kubadilisha gurudumu, na lori likatoka kwenye njia yake. Miguu ya bandia ninayo, ila huivaa kwa nadra. Kigutu huingia ndani ya kopo gumu la plastiki, na kwenye joto la Texas jasho hukusanyika humo mpaka ngozi inalainika na kuchubuka. Kwa mtu mwingine hilo ni jambo la kupaka dawa. Mimi nashindana skii, mchezo wa kuteleza mlimani juu ya theluji, na skii yangu naifanya nikiwa nimekaa. Kiti chake kimefinyangwa kwa umbo la vigutu vyangu, kimefungwa juu ya springi na ubao mmoja, na mikononi nashika magongo mafupi yenye vibao nchani. Kila kona naipinda kwa nyonga na vigutu. Penye kidonda siwezi kukandamiza, na nisipokandamiza ubao haukati theluji.

Mwanzoni sikufundishwa na mtu. Dallas hakuna mlima, na theluji ikianguka kidogo tu shule zinafungwa. Nilisoma vitabu vya fizikia katika maktaba ya Garland, nikatazama video za mashindano kwa mwendo wa polepole, nikichora mahali bega linapokuwa kona inapoanza. Kisha nikapata ukumbi wa skii wenye zulia la mteremko linalozunguka kwenye magurudumu, mtu anateleza papo hapo bila theluji. Mwenye ukumbi alinikataa mara ya kwanza kwa kuwa, alisema, nitawaogopesha wateja. Nilirudi na maelezo ya kiti changu, kipande kwa kipande, akanikubalia asubuhi wakati hakuna watu.

Kwetu ndiko nilikotukanwa zaidi. Msikitini Lewisville waliniombea dua nipone, wakanikasirikia nilipoonekana sina haja ya kupona. Mzee mmoja wa Lamu aliniita mbele ya wenzake: "Ee bwana, miguu umeshapoteza. Sasa unaitafutia na shingo njia?" Wakacheka wote. Majira ya baridi nilikwenda Colorado, nikaanguka, nikainuliwa na watu walionisemesha kama mtoto, nikaanguka tena. Miaka ikapita hivyo. Nilianza kumaliza mashindano, kisha nikaanza kuwapita watu.

Mchujo wa kuchagua timu ya kwenda Ulaya ulikuwa wiki iliyofuata harusi. Kocha wangu, mwanamke aliyewahi kushindana mwenyewe, aliniambia bila kunizungusha: kwa umri wangu, wakiniacha safari hii hawataniita tena. Akaniagiza jambo moja tu, nilinde ngozi.

Yote hayo nilimweleza mdogo wangu.

"Huo ni mchezo, kaka. Hii ni ndoa."

"Nikahi hufungwa watu wamekaa. Nikisimama nitaongeza nini?"

"Heshima. Usipovaa, nitakaa mimi mbele ya shehe nimwoze binti. Mimi pia ni ami yake."

Alijua pa kunibana. Bi harusi ni binti wa kaka yetu mkubwa, marehemu, na hana ndugu wa kiume. Alikuwa ameniomba mwenyewe: "Ami, nataka unioze wewe." Kisheria mdogo wangu angeweza kushika nafasi hiyo. Kwa hiyo nilikubali kuivaa miguu kutoka kwenye gari hadi ndani ya msikiti, zaidi ya hapo hapana.

Niliendesha mwenyewe mpaka Houston, kwa gari ambalo breki na mafuta nabonyeza kwa mkono. Mdogo wangu alikuwa kwenye maegesho, kanzu imenyooshwa, koti juu yake, jasho likimtiririka. Alisimama akinitazama ninavyofunga mikanda.

"Fanya haraka, wameshafika."

"Ukiniharakisha itakaa upande."

"Mlima mzima unashuka kama jiwe, mkanda unakushinda!"

Nilitembea kwa bakora mbili hadi mlangoni. Wazee wa upande wa bwana harusi walikuwa wamejipanga hapo. Na pembeni mwa mlango kulikuwa na rafu ya viatu.

Mdogo wangu alikuwa amepanga chakula, kanzu, marashi na uongo, akasahau kwamba msikitini watu huvua viatu. Kwa miguu yangu hilo si dogo. Mguu wa bandia hupimwa pamoja na kisigino cha kiatu chake. Ukikivua, mguu mzima unalala nyuma na mwenye mguu naye.

"Nikivua nitaanguka," nilimnong'oneza.

"Vua, nitakushika."

"Lete kiti kwanza."

"Kiti, kiti! Watu wanatazama."

Akainama, akanivua viatu mwenyewe, kisha akanishika kiwiko. Wakati huohuo ami wa bwana harusi, mzee wa Unguja, akatoka kutusalimu mkono umenyooshwa. Mdogo wangu aliniachia akampokea mkono kwa mikono yake miwili. Nilianguka chali. Kopo la mguu wa kulia lilijipinda na kigutu kikiwa ndani, nikasikia ngozi inaachana.

Yule mzee alitazama kanzu iliyopanda na plastiki iliyotokeza. "Kumbe mgongo wenyewe ndio huu," alimwambia mdogo wangu. "Na mengine mliyotuficha ni yapi?"

Mdogo wangu akacheka peke yake.

Nilifungua mikanda pale pale sakafuni, nikaiweka miguu kando ya rafu, nikaingia kwa viganja vya mikono kama ninavyojisogeza kwenye kambi ya mazoezi. Nikakaa kwenye zulia mbele ya bwana harusi. Hapo wote tulikuwa wa kimo kimoja. Nilimshika mkono, nikamwoza binti yetu. Kijana hakuonyesha mshangao wowote. Baadaye bi harusi aliniambia kwamba alimweleza mumewe habari zangu tangu walipojuana. Mdogo wangu hakuwa amemuuliza.

Kwenye maegesho alinifuata. "Umetuvua nguo mbele ya wakwe."

"Uliniachia mkono."

"Ningemnyima mkono mtu mzima?"

Colorado nilikwenda hata hivyo. Kocha aliitazama ngozi, akabonyeza pembeni mwa kidonda, akanitazama usoni. Nilijaribu mteremko mmoja wa mazoezi. Kwenye kona za kushoto uzito haukufika kwenye ubao, na nilipotolewa kitini damu ilikuwa imeshapita soksi ya kigutu. Alikwenda mwenyewe kulifuta jina langu.

Siku ya mchujo nilikaa chini ya mlima nikitazama watu niliozoea kuwashinda wakishuka. Simu ikaita. Alikuwa mdogo wangu, mchangamfu kama muuza nguo.

"Kaka! Wakwe wamesikia habari zako, hawana mazungumzo mengine. Nimewaambia ni mimi niliyekusukuma mpaka ukafika hapo. Wanauliza utaonekana televisheni gani?"

Nilimweleza kidonda kilipo na kilivyopatikana.

"Basi hata picha moja, ukiwa umekaa kwenye hicho kiti? Nimeshawaahidi."

Nikakata simu. Hajaomba radhi mpaka leo. Anaendelea kupiga kila Ijumaa baada ya sala, nami naiacha iite mpaka inyamaze.