Somo la Dulcie na Mkwewe

"Ukigoma kufundisha, utaonekana umeshindwa," Elsie alimwambia dada yake huku akigeuza mkate kwenye majivu. "Ukikaa chumba kimoja na mkweo, utaonekana huna adabu. Chagua aibu yako, dada."

"Sichagui hata moja," Dulcie akajibu.

Dulcie alifundisha watoto lugha ya kwao katika shule ndogo ya jangwani, katikati ya Australia. Mkaguzi alikuwa anakuja kesho, na somo lisipomridhisha lingefutwa. Tena serikali ilitaka mwalimu mwenye cheti cha lugha hiyo awepo, na siku hizo mwenye cheti alikuwa Clifton tu, mume wa binti yake. Kwao mama mkwe na mkwewe hawatazamani, hawasemezani, wala hawakai chini ya paa moja. Si ugomvi. Ndiyo heshima yenyewe.

"Saa moja tu, Dulcie," mwalimu mkuu alikuwa amembembeleza. Alikuwa mgeni kutoka pwani, mwenye roho nzuri. "Nani atajua?"

"Watoto watajua."

Alipokuwa mtoto, watu wa misheni walimsugua ulimi kwa sabuni kwa sababu alimwita mama yake kwa lugha ya mama yake. Kusoma hawakumfundisha, walimfundisha kufua mashuka yao. Hakuna aliyewahi kumwomba radhi, naye hakuwa amesamehe. Sasa wajukuu wa watu walewale waliitaka lugha, ila waitoe mifupa kwanza, ile heshima yake. Hapana.

Asubuhi aliwapeleka watoto kwenye mto mkavu, akaketi mchangani. Clifton akaegesha gari la shule mbali kidogo, akakaa nyuma ya gari, akiwapa mgongo.

Mkaguzi alifika akifukuza nzi. "Mwenye cheti yuko wapi?"

"Nyuma ya gari," mwalimu mkuu akasema, akiona haya.

"Wamekosana?"

Dulcie aliwageukia watoto. "Leo tunajifunza maneno ya ukweni. Si yale mnayopigiana kelele uwanjani. Nina kiu, na maji yako kwa yule bwana. Nani ataniombea?"

Tamika, msichana mwenye mdomo mwepesi kuliko wote, alikimbia, akaropoka maneno ya kila siku, akangoja. Nyuma ya gari kimya. Akarudia kwa sauti kubwa zaidi. Kimya vilevile. Wenzake wakaanguka mchangani kwa kicheko.

"Umemwomba kama unafukuza mbwa," Dulcie akasema. "Rudi hapa. Sikiliza."

Akamtamkia yale maneno mengine, ya polepole na ya chini. Tamika aliyarudia njiani, akasimama ubavuni mwa gari macho yakiwa chini, akayasema yote bila kukosea. Mkono ukamnyooshea chupa ya maji.

Mkaguzi alitazama watoto wakienda na kurudi, huyu akiomba kiberiti, yule akiuliza hali ya mtoto mchanga wa nyumbani kwa Clifton, hata akasahau nzi.

"Sawa," akasema mwishowe. "Somo liendelee. Lakini mama, muhula ujao si mngekaa darasani kama watu wengine?"

"Hata muhula ujao ni hapahapa."

"Na mvua ikinyesha?"

"Tutalowa," Dulcie akasema, akamwita mtoto mwingine.