Udongo Unatupwa Juu

Nyanya yangu, ambaye sisi humwita susu, huniita mume wangu kwa sababu nimebeba jina la babu. Babu mwenyewe amezikwa chini shambani, karibu na korongo. Nilipokuwa darasa la tatu, tulicheza mpira kati ya kaburi na korongo. Siku hizi nafasi imebaki nyembamba, hata mbuzi hupita hapo kwa adabu.

Korongo hilo halikuchimbwa na mtu. Mvua huja, inabeba udongo mwekundu, inaondoka bila kuaga. Mwalimu wa jiografia alipouliza mmomonyoko ni nini, nilimwambia ni urithi wangu kufika bwawa la Masinga kabla yangu. Nilisimamishwa hadi kengele.

Likizo ya Agosti, susu alinipa jembe na koleo nichimbe mtaro upande wa juu wa kaburi, uzuie maji.

"Udongo unatupwa juu, sio chini. Umesikia, mume wangu?"

"Nimesikia, susu."

Huku Ukambani hata mtoto anajua kwamba udongo wa juu huwa tuta la kuzuia maji, na wa chini hubebwa na mvua. Lakini kutupa udongo kupanda mlima kunavunja mgongo, na susu alikuwa ameenda soko Muthetheni. Nikatupa chini. Ulishuka kwa furaha. Nikaufunika kwa nyasi, saa sita nimemaliza, nikalala. Jioni susu aliusifu mtaro akiwa mlangoni, maana magoti yake hayapendi mteremko.

Novemba mvua ilinyesha siku mbili. Ilipokatika, susu aliteremka polepole akinishika bega. Udongo niliotupa chini haukuwepo. Korongo lilikuwa limefika kaburini, na mawe mawili ya pembeni yameanguka ndani.

"Ulitupa wapi?"

"Chini."

"Mwenye hili kaburi alichimba mitaro yote ya hapa. Sasa mume wangu wa pili anamfukuza kwake."

Nikaenda kuleta koleo. Susu aliketi kwenye jiwe, miguu ameinyoosha, na kila nilipoinua udongo alisema, "Juu." Jumamosi tatu nilisikia neno hilo moja.

Mvua ilipopiga tena nilikimbia kuangalia, nimejifunika gunia. Maji yalikuwa yamesimama mtaroni, mekundu, kama mwanafunzi aliyeambiwa angoje nje ya ofisi. Kaburi lilikuwa zima.

Yale mawe mawili bado yako chini korongoni. Nikienda kukata nyasi huyaona, nami huyapita kwa adabu, kama mbuzi.