Kakatala, Kuku Anayekataa Mkono wa Mgeni

Siku yangu ya kwanza kazini nilipewa vitu vitatu: buti za mpira zilizonizidi miguu, daftari lenye jalada jeusi, na kuku kumi na wawili waliofungwa miguu ndani ya vikapu. Shamba la mifugo la kampuni ya mgodi lilikuwa nje kidogo ya Kolwezi, upande ambao wakati wa kiangazi vumbi jekundu la mgodi huingia mpaka kwenye sahani. Mkuu wa shamba, mtu mfupi mwenye sauti kubwa, hakuniambia hata karibu. Alinionyesha vikapu kwa kidole.

"Hii njo kakatala," akasema. "Bakubwa ba kampuni banataka tuzalishe hii. Nyama yake iko nguvu, na inavumilia bugonjwa. Angalia muzuri: manyoya ya majivu, miguu nyeusi, kilemba kifupi. Yenye haiko vile, rudisha kwa benye kuileta."

Nikamwuliza kwa nini wanamwita kakatala, maana kwetu kukatala ni kukataa.

"Mi sijue. Majina ya ku mugini. Sikia sasa kitu ya maana. Kuku mugeni akifika, umupatie mahindi. Kama mpaka saa sita ya muchana hajakula, iko mugonjwa. Iondoshe mbele ya kuambukiza ingine."

Kumwondosha, kwa lugha ya shamba, kulikuwa kumchinja na kumchoma moto nyuma ya banda. Saa sita ilipofika, kuku tisa walikuwa wamekula. Watatu walisimama kwenye kona, jicho moja kwangu, jicho jingine kwenye mlango, na punje hawakuzigusa. Nikawaondosha. Kisha nikafungua daftari jeusi na kuandika kwa mwandiko wangu mzuri wa shule ya wamisionari: Amekataa kula. Ametolewa. Niliandika hivyo mara tatu, na siku hiyo nilirudi nyumbani, mtaa wa Kapata, nikitembea kama mtu mwenye cheo.

Nyinyi mnaonunua vifaranga vya siku moja kwenye masanduku ya karatasi hamwezi kujua kazi yetu ilivyokuwa. Kazi ya mtunza kuku wa zamani ilikuwa kushuku. Kuku akiingia, unamgeuza miguu juu, unapuliza manyoya ya chini ya bawa kutafuta chawa, unanusa mdomo wake, unatazama kinyesi. Yai halikuingia kwenye mashine ya kutotolea kabla ya kupimwa kwa taa: unalishika mbele ya mwanga ndani ya chumba cheusi, na kama huoni mishipa midogo myekundu ndani yake, halina uhai. Kila kuku alivaa pete mguuni yenye namba, na namba ile iliandikwa kwenye daftari pamoja na namba ya baba na ya mama, ili tujue ukoo wake. Kuku wetu walikuwa na karatasi nyingi kuliko watu wengine wa Kapata.

Niliwashuku hata wauzaji. Habari ilipoenea kwamba kampuni inatafuta kakatala, watu walituletea kila aina ya ndege. Mmoja alileta jogoo wa majivu, mzuri ajabu, miguu yake nyeusi ti. Nikalowesha kidole, nikasugua mguu, kidole kikatoka na masizi. Chini yake mguu ulikuwa wa njano. Yule bwana alicheka, mimi sikucheka. Tangu siku hiyo nilisugua kila mguu uliopita mlangoni, na watu wa sokoni wakasema nikioa nitamsugua pia bibi harusi.

Miaka ikapita hivyo. Kakatala wetu wakawa wengi, wanene, wapole. Wakubwa wa kampuni walikuja Jumapili na wake zao, wakanyoosha mikono yenye mahindi, na kuku wakawakimbilia na kula viganjani. Mkuu wa shamba alifurahi sana. "Unaona? Tumewafundisha adabu," aliniambia. Nikapandishwa cheo, nikapelekwa Tenke.

Pale Tenke kazi yangu ilikuwa kugawa majogoo wa shamba kwa familia zilizoishi kando ya reli, ili ukoo uenee. Mkubwa wangu alikuwa mganga wa mifugo wa eneo, mtu mrefu asiyependa maneno. Mara ya kwanza aliponiona nikisugua miguu ya kuku alisema, "Weye unashuku hata kivuli yako. Muzuri. Baki vile." Hiyo ndiyo sifa pekee aliyowahi kunipa, na niliitunza.

Asubuhi moja akaja mama mzee aliyeitwa Mama Kabedi, amebeba kikapu kichwani. Alitembea kutoka kijiji cha mbali kwa sababu alisikia kwamba serikali, hivyo ndivyo alivyotuita, inawatunza kakatala. Alikaa kwenye kibaraza, akatazama kuku wangu wakinikimbilia miguuni, akatazama tena, kisha akasema taratibu, akiniita tata, yaani baba:

"Tata, hii haiko kakatala."

"Iko kakatala, mama. Angalia rangi."

"Rangi ni nguo tu. Kakatala haikule mu mukono ya mugeni. Hata ufunge siku tatu, inakatala. Mwizi hawezi kuikamata na mahindi, na benye sumu banashindwa kuiuwa. Inakula tu yenye mwenyeji wake ametupa. Njo maana ya jina yake. Hii yako inakimbilia kila mutu. Hii ni kuku tu."

Nilimshuku, bila shaka. Nilijua ametembea mbali, nilijua ndani ya kikapu kuna kuku, na nilijua mwenye kuku hamsifu kuku wa mwingine. Akafungua kikapu. Alitoa tembe mwekundu mwenye madoa, miguu ya njano, kilemba kirefu. Hakuwa na hata alama moja ya zile nilizofundishwa. Akasema anataka kumwacha kwetu, kwa sababu yeye ni mzee na kijijini kwao hakuna tena mwingine.

Nikampokea kwa kanuni. Nikamweka kwenye banda la wageni, nikampa mahindi. Saa sita ikafika, hajala. Alisimama kwenye kona, jicho moja kwangu, jicho jingine kwenye mlango. Mama Kabedi alikuwa amelala kidogo kibarazani kwa uchovu wa safari. Alipoamka nilikuwa nimekwisha kumwondosha kuku wake na nimekwisha kuandika.

Hakupiga kelele. Aliniuliza tu, "Ulimungojea siku ngapi?" Nikamwambia, mpaka saa sita. Akakunja kile kitambaa cha kufunikia kikapu, akakitia ndani, akaweka kikapu kichwani na kwenda zake. Sikumwona tena.

Jioni ile nilifungua madaftari yote meusi, lile la Kolwezi na yale ya Tenke, nikayasoma ukurasa kwa ukurasa. Amekataa kula. Ametolewa. Amekataa kula. Ametolewa. Mwandiko ulikuwa wangu. Tulikuwa tumechuja kakatala kwa miaka, na kila tulipochuja tulitupa kakatala wenyewe na kubaki na rangi yao. Mimi niliyesugua kila mguu kutafuta masizi sikuwahi kuishuku kanuni ya mkuu wangu, wala kujishuku mwenyewe.

Je, nilimwambia mganga wa mifugo? Sikumwambia. Nilikuwa na watoto shuleni na nyumba ya kampuni Kapata, na nyumba ilikwenda na kazi. Niliona haya, na niliogopa. Nilifunga madaftari na kuendelea kugawa majogoo, na kila familia niliyoipa jogoo niliiambia kwamba huyu ni kakatala halisi. Ninaandika hapa kwa sababu kwa miaka mingi sikulisema popote.

Kituo changu cha mwisho kilikuwa Fungurume. Wakati huo mgodi umekuwa mkubwa, malori yanapanga foleni tangu asubuhi, na wafanyabiashara wa soko wanataka kuku anayenenepa kabla mteja hajabadili mawazo. Nilichanja kuku wa kizungu wasiojua hata kuatamia mayai yao. Wakubwa walibadilika haraka na sikushika majina yao. Kila mmoja aliniita Mzee na kila mmoja aliniuliza kakatala ni nini. Siku ya kustaafu walinipa redio na barua ya shukrani, na kuniachia nyumba ya Kapata. Madaftari hakuna aliyeyataka, nikayachukua nyumbani.

Mwaka huu, msimu wa mvua ulipoanza, alikuja Kapata mtaalamu mmoja wa kilimo, kijana wa mradi wa kuhifadhi mifugo ya asili. Simu yake ilijaa picha za kuku wa majivu.

"Tata, tumeipata kakatala," akasema. "Iko ku Fungurume, kundi muzima. Inabakia tu weye, mwenye kuijua wa mwisho, uje uangalie na utie sinyatire ku karatasi. Kama hautii, tutaandika kama ukoo ulishaka kuisha. Na proje, mradi yetu, itafungwa."

Nilikwenda naye. Nilisugua miguu, haikuwa na masizi. Manyoya yalikuwa ya majivu, vilemba vifupi, kila kitu kama alivyosema mkuu wangu siku ile ya kwanza. Kisha nikanyoosha kiganja chenye mahindi, na kundi lote likanikimbilia. Walikula mpaka wakanidonoa kidole. Walikuwa wajukuu wa majogoo yangu, na karatasi ilikuwa pale mezani ikingoja jina langu.

"Hapana," nikasema.

"Juu ya nini, tata? Rangi si iko sawa?"

"Rangi ni nguo tu."

Alikasirika, akasema nashuku kila mtu. Nikamwambia ndiyo, na kwamba mtu niliyepaswa kumshuku kwanza nilimwacha apite. Nikamweleza kila kitu: kanuni ya saa sita, Mama Kabedi, moto wa nyuma ya banda. Alikunja karatasi akaitia mfukoni. Tukarudi Kapata, na nikajua kwamba kwa mdomo wangu nimeua kakatala mara ya pili, safari hii kwenye karatasi.

Jirani yangu Kapata ni Mama Ngalula, mjane wa watu wa Kasai, muuza unga. Juma lile lile alinipigia kelele juu ya ua. "Tata wa kuku! Kuja uangalie hii yangu. Mi nilienda ku Lubumbashi siku mbili, nikaiachia binti yangu mwenye aliolewa. Ameitupia mahindi, haikukula hata kiloko, hata punje moja. Iko mugonjwa. Mi nataka kuichinja."

Nilivuka ua nikiwa na mashaka yangu yote mfukoni. Kuku alikuwa mweupe mwenye madoa ya kahawia, wa kawaida kabisa. Nilipuliza manyoya, nilinusa mdomo, nilitazama kinyesi. Hakuwa mgonjwa. Nikamtupia mahindi. Akaenda kwenye kona: jicho moja kwangu, jicho jingine kwenye mlango. Nikamkabidhi Mama Ngalula mahindi.

"Mama, tupa weye."

Mama Ngalula akatupa, na kuku akaja akala palepale, punje zake tu. Zangu zilibaki chini.

Nilishuku ujanja. Nilimshitaki mama wa watu kwamba amemshibisha kabla sijafika, akanitukana vizuri, kwa Kiswahili na kwa Kiluba. Nikaomba siku tatu. Akamfungia kuku kwenye kibanda, ufunguo nikauchukua mimi, na asubuhi, mchana na jioni nilimpelekea mahindi na maji kwa mkono wangu. Maji alikunywa. Mahindi hakugusa. Siku ya tatu Mama Ngalula alikuwa analia kwamba namwua kuku wake, na mimi pia machozi yalinitoka, lakini sababu zetu hazikuwa moja. Akaingia, akatupa konzi moja, na kuku akala.

Nikamwuliza alimtoa wapi. Alisema alipewa na shangazi wa marehemu mume wake, upande wa Tenke, walipokwenda kwenye kilio, kuku akiwa bado kifaranga. Nilitaka sana aseme jina Kabedi. Hakulisema, na sikuthubutu kumlazimisha.

Nilimwita kijana wa mradi, akaja na karatasi yake. Alimnyooshea kuku mahindi mara moja, mara mbili, akakataliwa, akacheka peke yake uani. Kuku ana vifaranga saba sasa, na tangu waote manyoya ninawajaribu kila Jumamosi. Watano hunikimbia. Wawili hula mkononi mwangu, na hao nimemwambia Mama Ngalula awauze sokoni.

Karatasi nilitia sahihi, lakini kwanza nilikwenda kabatini nikatoa daftari jeusi la mwisho. Kulikuwa na ukurasa mmoja mtupu. Niliandika namba ya pete niliyomvisha kuku, jina la mwenyeji, na chini yake, kwa mwandiko ambao sasa unayumba: Amekataa kula. Abaki.