Gundi ya Siku Tatu

Merle Noske alikuwa fundi bunduki pekee katika wilaya yetu, na kwa miaka kumi na tisa niliyoendesha gari la posta kupita mji wa Gerrin, sikuwahi kumkuta amekaa bure. Karakana yake ilikuwa banda la mabati nyuma ya nyumba. Kazi aliyoipenda ni ya mbao: vitako vya bunduki vilivyopasuka, vilivyoliwa na mchwa, vilivyokanyagwa na trekta. Vyuma alivifanya kwa sababu vililetwa. Baba yake, seremala, alimfundisha kushika patasi kabla hajajua kusoma.

Mumewe, Alwyn, alikufa miaka kumi na mitano kabla ya haya ninayosimulia, katika ukame mwingine. Mjini walisema ni ajali ya bunduki, na Merle aliwaacha waseme.

Nitasimulia wiki moja tu ya maisha yake, maana sehemu kubwa niliiona kwa macho yangu.

Ulikuwa mwaka wa tatu bila mvua. Upepo ulikuwa umebeba udongo wa juu na kuurundika kwenye nyaya za ua mpaka kondoo wakawa wanavuka ua kwa kutembea juu yake. Majani makavu ya kulisha mifugo hayakupatikana popote. Kondoo hakuna aliyewataka, hata bure, kwa hiyo watu walikuwa wanachimba mashimo kwa trekta, wanawapiga risasi wanyama wao na kuwafukia.

Jumatatu saa tatu asubuhi nilikuwa nakunywa chai karakanani akaingia Ambrose Tehan, mfugaji wa upande wa kaskazini, mtu mrefu wa miaka sitini na kitu. Alikuwa na bunduki ya marisawa ya mitutu miwili, ameikunja wazi mkononi ili kila mtu aone haina kitu ndani.

"Nyie wanawake bado mko hai?" akasema.

"Tungekufa ungemsengenya nani?" Merle akamjibu. "Leta nione."

Akailaza juu ya meza. Mpira uliofungwa nyuma ya kitako, ule unaokaa begani kupunguza teke la bunduki, ulikuwa umekauka na kupasukapasuka kama kisigino cha mtu anayetembea peku. Kona moja ilikuwa imemeguka. Merle akaugonga kwa kucha. Ulilia kama kigae.

"Huu umeshakuwa jiwe. Uliwekwa lini?"

"Enzi za baba. Siku hizi inanipiga teke la farasi."

"Vua shati."

"Mbele ya mleta barua?"

"Mleta barua ana wajukuu. Vua."

Akafungua vifungo akicheka, na kicheko kikaishia hapo. Bega lake la kulia lilikuwa jeusi. Weusi ulikuwa umeshuka hadi karibu na kiwiko, na pembeni umeshaanza kuwa wa njano. Nikaweka kikombe chini.

"Wangapi?" Merle akauliza.

"Mia mbili na kumi tangu Alhamisi. Wamebaki mia tatu hivi."

"Si una ile bunduki ndogo? Ile haina teke."

"Ile inataka mkono uliotulia." Akainua mkono tuuone, kisha akautia mfukoni haraka.

Merle alichungulia nje, kwenye pikapu ya Ambrose. "Na mbwa wako? Sijawahi kukuona bila yule mbwa."

"Nimempa Darcy."

"Umempa?"

"Darcy bado ana kondoo. Mbwa anataka kazi." Akafunga vifungo vya shati, akakosea kimoja. "Ufanye vizuri, Merle. Sitaki atakayeichukua baadaye aseme Ambrose Tehan alikuwa na bunduki ya hovyo."

"Nani ataichukua?"

"Yeyote. Nije mchana?"

Kazi ile haikuwa ya zaidi ya saa mbili. Mwaka uliotangulia nilimwona Merle akiifanya huku mwinda bata mmoja akingoja kwenye kiti, anakula mkate wa nyama.

"Njoo Alhamisi," Merle akasema.

"Alhamisi!"

"Gundi inataka siku tatu. Hii mbao ya zamani imenyonya mafuta, nikiharakisha mpira utachomoka na skrubu itakuingia begani."

"Gundi gani hiyo, Merle? Mwanamke, wale wanyama wanakufa wamesimama! Kunguru wanaanza na macho, mwenyewe bado yuko hai anahema. Na wewe unaniambia siku tatu?"

"Alhamisi, Ambrose."

Aliondoka bila kuaga. Pikapu iliacha wingu la vumbi ambalo lilichukua muda mrefu kutua.

Nikamwambia Merle, "Hiyo gundi ya siku tatu mimi siijui."

Alikuwa ameshika bunduki kwa mikono yote miwili, kama mtu aliyepewa mtoto wa watu. "Mpira wa bunduki ya Alwyn niliuweka mimi," akasema. "Jumanne. Aliniambia nifanye vizuri, hivihivi, kwa maneno hayahaya. Nikafurahi, unajua? Nikasema afadhali kuna kitu anakijali. Nikaupiga msasa mpaka ukang'aa. Jumatano asubuhi..."

Nilikuwa nimemjua kwa miaka mingi na sikuwahi kusikia kwamba haikuwa ajali.

"Basi piga simu polisi," nikasema baadaye kidogo.

"Waingie na gari lao mpaka uani, mkewe anaangalia? Watakuwa wamemsukuma wao."

Akampigia Noreen, mke wa Ambrose. Alimweleza kila kitu bila kuzungukazunguka. Noreen akasema, "Kabatini kuna nyingine mbili. Ufunguo nimeuficha tangu jana, amekuwa akiutafuta. Sikujua nimwambie nani."

Kisha Merle akampigia Darcy Heinrich, jirani yule aliyepewa mbwa.

"Tafuta watu, Darcy. Nendeni mkawamalize wale kondoo. Ambrose asishike bunduki."

"Ataniua," Darcy akasema. Halafu kwa sauti nyingine: "Samahani, Merle. Nimesema vibaya."

Baada ya hapo nilidhani ataketi. Badala yake alikifunga kitako kwenye jiliwa, kile kibanio cha chuma cha mezani, amekizungushia kipande cha blanketi, akaanza kazi. Nyuma ya mpira kulikuwa na vitundu viwili vilivyojifumba, na skrubu zimo ndani kabisa. Alipaka sabuni kwenye bisibisi ili ipenye bila kuchana mpira, kwa mazoea tu, kwa sababu mpira wenyewe ulikuwa wa kutupwa. Skrubu ya kwanza ilitoka. Ya pili ilikuwa imeshikwa na kutu, akaigusisha chuma cha moto, akangoja, akaizungusha tena ikalia na kuachia. Gundi ya zamani haikukubali. Alipenyeza kisu chembamba na kugonga polepole, na mpira ukatoka vipandevipande, mwingine ukawa unga.

Akaziba matundu ya zamani kwa vijiti vya mbao ngumu vilivyopakwa gundi. Akaweka mpira mpya, mweusi, mnene, akatia alama, akatoboa kwa keekee, akapaka gundi na kukaza skrubu. Vitundu vya mpira vikajifumba juu yake kama midomo. Mpira ulikuwa mpana kuliko kitako, kwa hiyo alizungusha utepe juu ya mbao isije ikachubuka, akaupeleka kwenye mashine ya msasa. Banda likajaa harufu ya mpira ulioungua. Alimalizia kwa mkono, anapitisha kidole gumba, anasugua, anapitisha tena, mpaka kidole kisijue mbao inaishia wapi na mpira unaanzia wapi.

Saa tano alikuwa amemaliza. Akaifungia bunduki kwenye kabati la chuma, akanawa mikono kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

Yaliyotokea kwa Tehan Jumanne na Jumatano alinisimulia Darcy. Alikwenda na watu watano. Ambrose alikuwa amesimama langoni.

"Nani kawaita?"

"Hakuna aliyetuita," Darcy akasema. "Tulikuwa tunapita."

"Barabara hii inaishia kwangu, Darcy. Mnapita kwenda wapi?"

Mbwa akaruka kutoka kwenye pikapu na kumkimbilia bwana wake wa zamani, na Ambrose hakumgusa. Mwishowe alifungua lango mwenyewe. Akakataa jambo moja tu: mtu mwingine asiwafuate kondoo wake malishoni. Alikwenda kuwaleta kwa miguu, mara nane au tisa kwa siku mbili zile, kila mara kundi dogo. Hakuwa na haja ya kuwaswaga. Walimfuata wenyewe, wanakimbia kwa miguu iliyolegea na kulia, kwa sababu walizoea kwamba akija, amewaletea majani. Aliwafikisha penye shimo, kisha akageuka kufuata wengine huku milio ya bunduki ikianza nyuma ya mgongo wake.

Kondoo jike mmoja mzee alikuwa amelelewa na Noreen kwa chupa jikoni. Darcy alimtenga pembeni kimyakimya.

"Na huyo," Ambrose akasema.

"Huyu anaweza kula mabaki ya jikoni, mzee."

"Nimesema na huyo."

Alhamisi nilipanga njia yangu nifike kwa Merle mapema. Ambrose alikuja saa tatu, na Noreen alibaki kwenye gari. Ambrose alikuwa amevaa suti ya misibani, maana kutoka pale walikuwa wanakwenda kwa daktari, mwendo wa saa mbili. Uso ulikuwa umenyolewa vibaya, una mikwaruzo.

"Gundi imekauka?"

"Ilikauka Jumatatu," Merle akasema. Hakutaka kumdanganya tena.

"Nilijua." Sauti yake ilikuwa ya chini. "Umenifanya kichekesho. Watu sita wamekuja kunifanyia kazi yangu kwenye ardhi ya baba yangu. Wale kondoo niliwazalisha kwa mikono hii. Nilikuwa na haki ya kuwamaliza mwenyewe."

"Ulikuwa nayo."

"Na unalofikiri wewe halikuwepo. Mimi si Alwyn."

Nilimtazama Merle. Alikuwa ameshika ukingo wa meza, lakini hakutikisika. "Kama halikuwepo, basi mimi mjinga," akasema. "Niite mjinga mji mzima. Nitakubali."

Akafungua kabati, akatoa bunduki na kuilaza mezani. Sikujua kama anafanya sawa, na nadhani hata yeye hakujua. Ambrose aliinama akaubonyeza mpira mpya kwa kidole. Ukazama kidogo, ukarudi. Akaubonyeza tena.

"Kazi nzuri," akasema. Halafu mabega yake yakaanza kutikisika, na alipogeuka kuelekea mlangoni aligonga kiti kikaanguka. Noreen alikuwa ameshashuka garini kumpokea. Bunduki ilibaki mezani.

Waliuza shamba kabla mwaka haujaisha na kuhamia pwani kwa binti yao. Mvua ilikuja mwezi wa nne uliofuata, siku tano mfululizo, na aliyenunua akapanda dengu. Ambrose aliishi miaka kumi na mmoja zaidi. Alikuwa anafagia uwanja wa kanisa na kuvua samaki asiopenda kuwala. Hakuzungumza tena na Merle, wala hakumtumia salamu. Barua za kila Krismasi, nilizozipeleka mwenyewe, zilikuwa za Noreen. Hazikusema kamwe kama Merle alikuwa amefikiri sawa au amekosea, na Merle hakuuliza.

Mapafu ndiyo yaliyomuua Ambrose, hospitalini, mkewe yupo. Merle, ambaye wakati huo magoti yake yalikuwa mabovu, aliendesha gari saa sita kwenda mazikoni na saa sita kurudi. Nilimuuliza ilikuwaje. Akasema kanisa lilikuwa na baridi, na kwamba Noreen alimtoa kiti cha nyuma akamkalisha katikati ya watoto wake.