Siku niliyojitia mkalimani wa wageni wa Burundi waliotaka kuingia Jumuiya

Wakuu, hamjambo huko mliko? Hii ilinipata mimi mwenyewe, siongezi chumvi. Kiswahili yangu ni ya mlimani, mtanivumilia.

Ilikuwa miaka michache baada ya uhuru. Nilikuwa karani wa muda kwa ofisi moja ya serikali hapa Nyeri. Wa muda maana yake unaweza kuambiwa Ijumaa usirudi Jumatatu.

Wakati huo Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa na nchi tatu tu: sisi, Uganda na Tanzania. Majirani nao wakabisha hodi. Zambia, Ethiopia, Somalia, Burundi. Redio ilikuwa na hiyo maneno kila siku.

Basi tukasikia wageni kutoka Burundi wanakuja Mweiga kuona vile wakulima wetu wanafuga ng'ombe wa maziwa.

Boss wangu, Bwana Ochieng', mtu wa Siaya asiyecheka ovyo, akauliza ofisi nzima, "Nani anajua Kifaransa?"

Nikainua mkono.

Wakuu, sikujua Kifaransa! Nilikuwa na maneno kama kumi niliyookota kwa padri wa misheni. Na padri mwenyewe alikuwa Mwitaliano. Mimi nilidhani Wazungu wote wasio Waingereza wanaongea lugha moja.

"Ukifanya vizuri," Bwana Ochieng' akasema, "nitakuombea kazi ya kudumu."

Hapo sasa ningerudi nyuma vipi?

Siku ikafika. Nimeazima tai, viatu vinameta. Wakulima wamejaa mahali pa kupokelea maziwa, akina mama na leso mpya. Mkubwa wa wageni, Bwana Zakaria, mtu mnene, mpole, akashuka kwa gari.

"Buongiorno, signore!" nikamsalimia kwa sauti.

Akanitazama. Akatabasamu kidogo, halafu akasema sentensi moja ndefu ya Kifaransa. Sikushika hata neno.

Watu wote macho kwangu. Nikageukia wakulima nikatangaza, "Mgeni anasema hajawahi kuona ng'ombe wazuri kama wa Mweiga!"

Makofi! Vigelegele! Kuna mama alianza hata kuimba.

Bwana Zakaria akangoja kelele iishe, kisha akasema kwa Kiswahili safi kutushinda sisi wote, "Kijana, mimi nimeuliza choo kiko wapi."

Wacha watu wacheke. Walicheka mpaka wengine wakaketi kwa nyasi. Bwana Ochieng' peke yake hakucheka, na mimi nikaona kazi imeenda.

Mgeni aliporudi, Mama Wangari, mkulima wa hapo, akasimama.

"Ati unajua Kiswahili? Si ungesema!"

"Hakuna aliyeniuliza, mama."

"Haya, tuambie basi. Mbona mnataka kuingia kwa Jumuiya yetu? Ni hii maziwa?"

Watu wakacheka tena, lakini yeye akajibu polepole. "Mama, kwetu hakuna bahari. Chumvi, misumari, nguo za watoto, kila kitu kinapita kwa jirani. Jirani akikasirika, sisi tunangoja. Tumechoka kungoja nje."

Mama Wangari akachota maziwa, akampelekea kikombe kwa mikono miwili.

"Kunywa. Kwangu umeshaingia."

Mimi sikungoja kuitwa. Nikamwendea boss. "Nilidanganya, Bwana. Sijui Kifaransa."

"Nimeona," akasema. "Andika ripoti. Kila kitu, hata ya choo."

Niliandika kurasa tatu bila kujificha. Akasoma akiwa amefunga mlango, na tukiwa nje tukasikia kitu hatujawahi kusikia: Bwana Ochieng' anacheka!

Akaniita. "Kama unaweza kuandika aibu yako hivi, sitaogopa kukutuma popote." Kazi ya kudumu nikapata, ya kuandika ripoti. Mambo ya ukalimani sikugusa tena.

Jumuiya ile ikavunjika kabla Burundi haijaingia. Iliyofuata ndiyo iliwapokea, mimi nikiwa nimestaafu zamani. Nilisikia kwa habari nikasimama kwa kiti nikapiga makofi peke yangu sebuleni. Mke wangu akadhani ni mpira.

Nilichojifunza: "sijui" ni neno fupi na halimfukuzi mtu kazi. Uongo ndio ulikaribia kunifukuza.

Haya wakuu, uwanja ni wenu. Nani mwingine aliinua mkono bila kujua kitu? Na kama kuna Mrundi humu ndani, atuambie: wazee wenu walisimulia nini kuhusu miaka ile ya kungoja?